Kulima Juu, Kulala Chini

Wengi wetu tuliolelewa katika kambi za jeshi na za polisi hatuna jibu fupi tunapoulizwa, "Kwenu ni wapi?" Mtoto wa mkulima hunyoosha kidole akaonyesha mgomba ulipozikwa kitovu chake. Mtoto wa askari hutaja mji aliozaliwa, kisha mji wa uhamisho wa pili, kisha wa tatu, na mwisho hutaja kijiji cha babu yake ambacho pengine amekitia mguu mara mbili tu. Lugha yake ni Kiswahili, ndiyo aliyobembelezewa na kukaripiwa kwayo tangu utotoni, na jirani zake ni watu wa kila pembe ya Uganda. Hiyo ni neema, wala siilalamikii. Lakini nyumba anayolala si ya baba yake. Ni nyumba ya serikali. Hupewa pamoja na ufunguo, na siku ya kustaafu au ya msiba hurudishwa pamoja na ufunguo ule ule.

Natanguliza maneno hayo kwa sababu ndiyo yaliyoamua mambo katika safari nitakayoisimulia. Ilikuwa safari ya siku nne katika miteremko ya Mlima Elgon, ambao wenyewe Wagisu huuita Masaba, niliyoifanya Januari 2025 pamoja na watoto wangu wawili: kijana wa miaka kumi na sita na binti wa miaka kumi na mmoja. Baba yao alikuwa Somalia, katika kikosi cha kulinda amani cha Umoja wa Afrika, ambako jeshi letu limehudumu tangu Machi 2007. Yeye ni mzaliwa wa mlima huo. Mimi ni mtoto wa kambi ya Jinja. Baba yangu alitoka West Nile na mama yangu ni Msoga.

Tulikuwa na sababu mbili za kusafiri. Ya kwanza ni kuwatembeza watoto na kuwalaza kwa bibi yao, wapate kuijua asili yao kwa miguu yao wenyewe. Ya pili ilikuwa nzito zaidi. Tarehe 27 Novemba 2024, baada ya mvua kubwa, ardhi iliporomoka katika wilaya ya Bulambuli ikafunika nyumba na watu waliokuwamo. Mama mkwe wangu, mjane wa umri wa miaka sabini na kitu, anaishi katika wilaya jirani ya Sironko, juu ya mji mdogo wa Budadiri. Habari zilipomfikia mume wangu huko aliko, alinipigia simu akasema maneno machache tu: "Nenda ukamteremshe Mama. Mlete Jinja."

Tuliondoka Jinja alfajiri. Basi dogo lilishika njia ya Iganga, likakata kushoto kwenye barabara ya Tirinyi, likapita kwenye mabonde mapana ya mpunga ambamo wanawake walikuwa wamekwisha ingia matopeni kabla ya jua kuchomoza sawasawa. Kutoka Jinja hadi Mbale ni mwendo wa yapata kilomita 150. Kwa muda mrefu nchi ni tambarare, hata mtu asiyejua husahau kwamba kuna milima. Halafu ghafla, mbele ya kioo cha dereva, husimama ukuta wa kijani kibichi na kijivu: ndio Wanale, kilima kikubwa kinachouinamia mji wa Mbale. Binti yangu aliuliza kama huo ndio mlima wenyewe. Abiria mmoja mzee alicheka akamwambia, "Huo ni mlango tu, mjukuu wangu."

Na kweli ni mlango. Mlima wenyewe ni volkano iliyozimika zamani sana, nao umekaa juu ya mpaka wa Uganda na Kenya. Kilele chake kirefu, Wagagai, kiko upande wetu, na kina urefu wa mita 4,321. Juu kabisa pana shimo kubwa la kreta lenye upana wa yapata kilomita nane. Udongo uliotokana na moto huo wa kale ndio unaolisha kahawa ya arabika iliyolitangaza jina la Bugisu duniani, na ambayo kwa ajili yake wakulima waliunda chama chao kikuu cha ushirika, Bugisu Cooperative Union, mwaka 1954. Udongo huo huo ndio unaoua. Hunywa maji kama sifongo. Ukishakunywa kupita kiasi, na ikiwa mizizi ya miti iliyoushika imekwisha ng'olewa, huteleza juu ya mwamba kama ngozi inayovuliwa.

Mbale tulishuka kununua vitu vya kupeleka. Napenda kuwakumbusha akina mama vijana: mtu haendi kwa wazee mikono mitupu, wala hapeleki vitu vya fahari visivyo na kazi. Tulinunua sukari, chumvi, sabuni za mche, majani ya chai, mikate miwili na blanketi moja zito. Kisha tukapanda gari la kwenda Budadiri, na kutoka hapo tulikwenda kwa miguu. Njia ilipanda kati ya migomba na mikahawa, ikavuka vijito juu ya magogo, ikapita nyuma ya nyumba za watu hata mtu akawa anasalimia kila hatua kumi. "Mulembe," husema Wagisu, nawe hujibu vivyo hivyo. Baada ya saa moja watoto walikuwa wamejifunza kusalimia kuliko walivyojifunza mwaka mzima nyumbani.

Mama mkwe alitungoja uani. Binti yangu alipiga magoti kumwamkia, na kijana akainama. Yeye aliwashika vichwa wote wawili, akaniambia kwa Kiswahili chake cha zamani, "Mwanangu, umeniletea watu." Naam, Mama anasema Kiswahili. Marehemu mume wake alikuwa askari, na katika miaka ya 1970 Mama aliishi naye katika kambi ya Jinja, si mbali na nyumba ambayo mimi nilikuja kulelewa baadaye. Aprili 1979, vita ilipofika Jinja, walirudi mlimani wakiwa na karai moja, mkeka, na mtoto mgongoni. Kiswahili walirudi nacho, na hata leo yeye huwahesabia kuku wake kwa Kiswahili cha gwaride.

Usiku huo tulikula malewa. Wasomaji wasioyajua wasidhani ni chakula cha ajabu. Ni machipukizi ya mianzi inayoota msituni, ambayo watu wa juu huyakata kwa makubaliano na hifadhi, wakayakausha kwa moshi ili yakae muda mrefu. Mama huyaloweka, huyachemsha mpaka yalainike, huyakata vipande vidogo, kisha huyapika polepole katika rojo la karanga zilizopondwa, akiongeza chumvi mwishoni. Huliwa kwa ndizi zilizopikwa. Ladha yake ina moshi ndani yake, nayo hukaa kinywani. Kijana wangu, ambaye nyumbani huchagua chakula kama bwana afya, aliomba tena mara mbili. Tulilala chumba kimoja, watatu juu ya mikeka, chini ya blanketi tulilolileta. Maana baridi ya mlima mwezi wa Januari haina mzaha.

Asubuhi ya pili Mama alinichukua peke yangu nyuma ya nyumba, kupita makaburi mawili, la mume wake na la mwanawe wa kwanza, hadi mahali mikahawa inapoanza. Hapo alinionyesha ufa. Ulikuwa na urefu wa hatua kama ishirini, ukikata mteremko kwa mshazari. Pande zake mbili alikuwa amepigilia vijiti vya mkaratusi, jozi tano, kijiti hiki upande huu na mwenzake upande wa pili. Kila Jumapili hupima nafasi iliyo kati ya vijiti kwa kiganja chake. Alisema tangu Novemba jozi nne hazikubadilika, na ya tano, ile ya karibu na kijito, imeongezeka vidole viwili.

Nilimweleza agizo la mwanawe. Hakukasirika. Alikaa juu ya jiwe akaniuliza, "Nyumba yenu ya Jinja ina vyumba vingapi?"

Nikamwambia viwili.

"Ni ya nani?"

Nikanyamaza kidogo, kisha nikasema, "Ya serikali, Mama."

"Mimi nililala katika nyumba ya serikali miaka minane," alisema. "Ilikuwa nyumba nzuri, ya bati na sakafu ya saruji. Siku tulipotoka, hakuna aliyeniuliza nitalala wapi. Nililala hapa. Kama mahali hapa pasingekuwapo, mume wako angezaliwa njiani."

Msomaji aliyekulia kambini ataelewa kwa nini sikuwa na neno la kumjibu. Baba yangu alipofariki, sisi nasi tulirudisha ufunguo. Mama yangu alikuwa na ndugu zake Busoga, wakatupokea; lakini nilimwona mwenzetu wa mlango wa tatu akikaa na vitu vyake kando ya njia tangu asubuhi hadi jioni kwa kuwa hakujua aelekee wapi. Mama mkwe hakuwa akiushikilia mlima kwa ujinga, kama watu wa mjini wanavyopenda kusema. Alikuwa akishikilia kitu pekee ambacho hakuna uhamisho wala mapinduzi yaliyoweza kumnyang'anya.

Tena kulikuwa na jambo jingine. Alinionyesha ua, mahali palipopigwa udongo ukawa mgumu kama saruji. "Hapa alisimama mume wangu, na hapa alisimama mume wako," alisema. Wagisu huwatahiri vijana wao kila mwaka wenye namba shufwa, katika sherehe iitwayo imbalu, na kijana husimama bila kutikisika mbele ya ukoo katika ua wa wazee wake. Zamu ya kijana wetu ilikuwa ikikaribia, mwaka 2026. Mama aliuliza, "Atasimama wapi, kwenye uwanja wa kambi?"

Siku ya tatu tulikwenda kutembea mlimani kama tulivyowaahidi watoto. Tulilipa ada katika ofisi ya hifadhi, tukapewa askari wa wanyamapori wa kutuongoza, maana hairuhusiwi kuingia Hifadhi ya Taifa ya Mlima Elgon, iliyotangazwa mwaka 1993, bila kiongozi. Tulifuata njia ya Sasa, inayopanda kwa ukali kutoka Budadiri. Mashamba yalikoma, tukafika kwenye magenge ya Mudangi, ambapo mtu hupanda kwa mikono na miguu, akishika mizizi na ngazi. Juu yake msitu ulitupokea. Palikuwa na miti mikubwa iliyovaa ukungu na ndevu za mwani, na mbega weusi wenye mikia meupe waliotutazama bila haraka. Hatukukusudia kufika kileleni. Safari hiyo huhitaji siku nne au zaidi, mavazi mazito, na watoto wakubwa kuliko wangu. Tulikula mikate yetu juu ya mwamba, tukaitazama nchi iliyokuwa chini yetu hadi nyanda za Bukedi zilipopotelea katika vumbi la kiangazi.

Kutoka pale kiongozi wetu aliwaonyesha watoto jambo ambalo halionekani mtu akiwa chini. Ndani ya msitu mteremko ulikuwa mzima, umefunikwa. Chini ya mpaka wa hifadhi, miteremko mikali vilevile ilikuwa imevuliwa miti, ikalimwa hadi ukingo, na hapa na pale palionekana makovu mekundu marefu, mahali udongo ulipoondoka. Kijana wangu aliyahesabu makovu, akafika tisa. Kisha akaitafuta nyumba ya bibi yake kwa macho, akaiona, bati dogo likimeta, na kovu mojawapo likiwa upande wa pili wa kijito. Hakusema neno mpaka tulipofika nyumbani.

Jioni hiyo, motoni, ndiye aliyeanza. Alimwomba bibi yake ruhusa ya kusema, akasema, "Kukhu, nikisimama hapa mwaka ujao, nataka uwepo unione."

Mama hakujibu mara moja. Aliuchochea moto. Baadaye akaanza kutuhesabia, mmoja baada ya mwingine, mambo yaliyolikuta taifa la mlima. Jioni ya tarehe 1 Machi 2010 ardhi iliangukia Nametsi, wilayani Bududa. Watu zaidi ya mia tatu walihesabiwa kuwa wamekufa au wametoweka. Askari wetu ndio waliochimba siku nyingi kwa majembe na sepetu, kwa kuwa mitambo mikubwa haikuweza kupanda. Mamia ya familia walihamishiwa Kiryandongo, mbali magharibi. Wengine walitulia huko. Wengine walirudi, kwa sababu kule hawakuzikuta kahawa zao, lugha yao, wala makaburi yao. Tarehe 11 Oktoba 2018 ilikuwa zamu ya Bukalasi, watu zaidi ya arobaini. Mwaka 2019 familia za kwanza zilianza kupewa nyumba Bunambutye, katika tambarare ya Bulambuli. "Lakini chini nako si peponi," alisema Mama. Alikumbusha usiku wa kuamkia tarehe 31 Julai 2022, mito ya Nabuyonga na Namatala ilipofurika Mbale ikachukua watu waliodhani wako salama kwa kuwa hawaishi mlimani.

Nilimsikiliza, nikatambua kwamba hakuna hatari niliyokuja kumweleza ambayo yeye hakuijua kwa tarehe na kwa majina. Alichokosa hakikuwa habari. Alikosa mahali pa tatu, kati ya kufa juu na kuishi kwa kuazima chini. Basi nikamwuliza swali lingine: "Mama, kinachoua ni mchana au usiku?"

Alifikiri. "Mara nyingi watu hufukiwa wakiwa ndani, mvua inaponyesha," alisema. "Mchana mtu husikia, huona, hukimbia."

"Basi shamba ni lako, ua ni wako, makaburi ni yako," nilimwambia. "Lima juu. Lakini siku za mvua, lala chini."

Tulizungumza mpaka moto ukafa. Asubuhi tulipanda kwenye mwamba wenye mawimbi ya simu tukampata mume wangu. Mwanzoni alishikilia neno lake la Jinja. Mama akaichukua simu, akasema naye kwa Kimasaba muda mrefu, na mwisho akamaliza kwa Kiswahili, kwa sauti ya sajini meja: "Hiyo ni amri." Nilimsikia mume wangu akicheka huko aliko, kicheko ambacho sikuwa nimekisikia kwa miezi mingi.

Mapatano yetu yalikuwa haya. Akiba ya posho ya mume wangu, tuliyokuwa tumeiweka kwa ajili ya kununua pikipiki ya biashara, itanunua kiwanja kidogo karibu na Budadiri, mbali na ukingo wa mto na mbali na mdomo wa bonde, ambapo tutajenga vyumba viwili. Hati itaandikwa kwa jina la Mama. Mpaka hapo, atalala kwa mtoto wa dada yake mjini Budadiri kila mvua inaponyesha siku mbili mfululizo, au kijiti kimoja kinapoongezeka kidole kimoja, lolote litakalotangulia. Mfuko wake utakaa mlangoni: blanketi, dawa, kitambulisho, karatasi za shamba. Na juu ya ufa tutapanda miti yenye mizizi mirefu, na mfereji wa maji ya paa utaelekezwa kijitoni badala ya shambani.

Msimu wa mvua uliofuata, kati ya Machi na Mei, Mama alilala Budadiri usiku kumi na saba. Jirani yake wa juu, aliyemcheka mara ya kwanza, mara ya nne aliteremka naye. Pikipiki hatukuinunua. Vyumba viwili vilifika kwenye linta, kisha fedha zikaisha, zikapatikana tena.

Ndugu msomaji, huenda nawe una mzee aliyebaki katika mteremko, Bududa, Manafwa, Sironko, au hata Kapchorwa na Bundibugyo. Likizo ijayo nenda ukalale kwake. Usipeleke amri peke yake, peleka macho. Zunguka nyuma ya nyumba utafute ufa. Tazama kama miti au nguzo zimeanza kuinama, kama mlango uliokuwa ukifunga vizuri sasa unakwama, kama chemchemi mpya imezuka au kijito kimegeuka tope ghafla wakati mvua haijanyesha hapo. Kijito kikikauka ghafla katikati ya mvua, usingoje kuuliza sababu. Watoe watu wote, nao waende kando, si chini kufuata bonde. Mwulize mzee wako atalala wapi mvua ikinyesha usiku, na kama hana jibu, lipateni pamoja kabla hujapanda gari la kurudi.

Na watoto waende nawe. Siku ya mwisho, tulipokuwa tukiteremka, kijana wangu alibaki nyuma kidogo. Nilipogeuka nilimwona amechuchumaa kwenye ufa, kiganja chake kikiwa kati ya vijiti viwili, akijifunza kipimo.